Yadi Mbili za Pasadena

Rose Bowl ni uwanja uliojengwa bondeni. Korongo la Arroyo Seco linateremka kutoka milima ya San Gabriel na kupita magharibi ya mji wa Pasadena, California, na kwa sehemu kubwa ya mwaka maji yake ni haba. Ndani ya korongo hilo ulijengwa uwanja mwaka 1922 kwa ramani ya msanifu Myron Hunt. Mwanzoni upande wa kusini uliachwa wazi. Ulizibwa mwaka 1928, na tangu hapo majukwaa yamezunguka pande zote. Mgeni anayeukaribia kwa mara ya kwanza hushangaa kuwa kuta zake ni fupi kuliko alivyotarajia. Nusu ya jengo imo ardhini, na nyasi ziko chini kabisa.

Kutoka katikati ya Los Angeles, safari huanzia Union Station, stesheni ya mwaka 1939 yenye dari ndefu ya mbao na viti vizito vya ngozi. Treni ya mjini huelekea kaskazini-mashariki, hupita kwenye vitongoji vya nyumba ndogo zilizopangwa vilimani, na abiria wa Rose Bowl hushuka kituo cha Memorial Park. Hapo ni hatua chache tu kufika Colorado Boulevard, barabara ambayo kila mwaka mpya hupitiwa na maandamano ya magari yaliyopambwa kwa maua. Siku za mechi kuna mabasi ya kuwapeleka mashabiki bondeni. Siku nyingine msafiri hutembea, akiliacha upande mmoja daraja la zege la mwaka 1913 lenye matao marefu, kisha akateremka mteremko wa nyumba za kitajiri hadi kwenye viwanja vya gofu vya Brookside. Mwandishi wa masimulizi haya aliteremka hivyo, siku isiyo na mechi, kwa nia ya kuiona kwa miguu ardhi iliyochezewa fainali ya futiboli ya Kimarekani ya vyuo ya Januari 4, 2006, kati ya Chuo Kikuu cha Texas na Chuo Kikuu cha Southern California, kinachofahamika kwa herufi USC. Texas ilishinda 41–38. Wapenzi wengi wa mchezo huo huihesabu kuwa fainali bora kuliko zote zilizowahi kuchezwa na wanafunzi, na aliyeitazama zaidi ya mara moja hapati shida kukubaliana nao.

Maua yalitangulia mpira. Mwaka 1890 klabu moja ya Pasadena ilianzisha tamasha la kuwaonyesha Wamarekani wa mashariki, waliokuwa wamefunikwa na theluji, kwamba huku waridi huchanua Januari. Mechi ya futiboli ya Kimarekani iliongezwa mwaka 1902, Michigan ikaifunga Stanford 49–0, na waandaaji wakavunjika moyo kiasi cha kuweka mbio za magari ya farasi mahali pake kwa miaka kadhaa. Mpira ulirudi 1916, na umati ukakua hadi uwanja wa mwanzo ukazidiwa. Ndipo Rose Bowl ikajengwa. Mechi ya kwanza ya Mwaka Mpya ndani yake ilichezwa Januari 1, 1923, na USC ikaifunga Penn State 14–3. Tangu hapo mechi hiyo haijahamishwa ila mara chache, mojawapo ikiwa Januari 1942, wiki chache baada ya shambulio la Pearl Harbor, ilipopelekwa Durham, North Carolina, kwa hofu ya kukusanya umati mkubwa karibu na pwani ya Pasifiki.

Msomaji wa Afrika Mashariki huenda anaujua uwanja huu bila kulijua jina lake. Hapa ndipo Brazil na Italia zilipomaliza dakika 120 bila bao, Julai 17, 1994, na Roberto Baggio akapaisha penalti juu ya mwamba, Brazil ikatwaa Kombe la Dunia kwa penalti 3–2. Miaka mitano baadaye, kwenye nyasi hizo hizo, Brandi Chastain alifunga penalti iliyoipa Marekani Kombe la Dunia la wanawake mbele ya watu 90,185. Sanamu yake imesimamishwa nje ya uwanja.

Kuna sanamu nyingine hapo nje inayostahili kutazamwa kwa muda mrefu zaidi. Ni ya Jackie Robinson, aliyekulia Pasadena na ambaye mwaka 1947 alikuwa mtu mweusi wa kwanza wa zama za kisasa kucheza ligi kuu ya besiboli. Sanamu haimwonyeshi akiwa na gongo la besiboli. Inamwonyesha kijana wa chuo cha Pasadena, mpira wa futiboli mkononi, kwa kuwa kabla ya umaarufu wake wote alikimbia kwenye uwanja huu. Kumbukumbu hiyo inahusiana na fainali ya 2006 moja kwa moja. Texas ilipotwaa ubingwa wa msimu wa 1969, kikosi chake kikuu hakikuwa na mchezaji mweusi hata mmoja. Julius Whittier ndiye aliyeufungua mlango huo mwaka 1970. Kwa miaka mingi nafasi ya kwotabeki, yule anayeupokea mpira kila shambulizi linapoanza na kuamua kama ataurusha, ataukabidhi au atakimbia nao, ilihesabiwa na makocha wengi kuwa kazi isiyofaa kupewa kijana mweusi. Texas iliyokuja Pasadena 2006 iliongozwa na Vince Young, kijana mweusi kutoka Houston, mwenye kimo cha karibu mita mbili, na hakuna aliyetia shaka kwamba timu ilikuwa yake.

Upande wa kusini wa uwanja, kwenye ukuta wa nje, kuna vibao vya shaba. Kila mechi ya Rose Bowl ina chake, na juu yake yameandikwa matokeo na jina la mchezaji bora. Mwaka 2006 walituzwa wawili: Young kwa ushambuliaji, na Michael Huff kwa ulinzi. Jina la Huff husahauliwa na watu wengi wanaoisimulia mechi ile, nayo si haki, kama itakavyoonekana.

Kabla ya kuingia ndani, inafaa kueleza sheria chache, maana mechi nzima ilitegemea hesabu ndogo. Uwanja una urefu wa yadi 100, bila kuhesabu maeneo ya kufungia ya yadi 10 kila mwisho. Timu yenye mpira hupewa majaribio manne ya kusogea yadi 10. Ikifaulu hupewa manne mengine. Ikishindwa, wapinzani huuchukua mpira hapo hapo ulipoishia. Kwa sababu hiyo timu nyingi, zikifika jaribio la nne, huupiga mpira mbali kwa mguu ili wapinzani waanzie nyuma kabisa. Kuuvusha mpira hadi eneo la mwisho ni pointi 6, na shuti la nyongeza linaongeza moja. Au timu ikipenda, badala ya shuti hucheza shambulizi fupi la kutafuta pointi 2. Shuti la kawaida linalopita kati ya nguzo ni pointi 3. Mpenzi wa soka, aliyezoea kusikia mtangazaji akisema mpira umeingia yadi 18, tayari anacho kipimo kichwani.

Jambo la pili la kueleza ni jinsi timu hizi mbili zilivyofika hapa. Kwa miongo mingi bingwa wa vyuo hakupatikana uwanjani. Alichaguliwa kwa kura za waandishi na za makocha, na mara nyingine kura hizo zilitoa mabingwa wawili. Kwa desturi Rose Bowl ilikuwa mechi ya bingwa wa pwani ya Pasifiki na bingwa wa majimbo ya kaskazini ya kati, hata kama timu bora nchini zilikuwa kwingine. Kuanzia msimu wa 1998 ukawekwa mfumo uliochanganya kura na hesabu za kompyuta ili kuzikutanisha timu ya kwanza na ya pili, na fainali hiyo ikawa inazungushwa kati ya viwanja vikubwa. Zamu ya Pasadena ilipofika Januari 2006, mfumo huo uliokuwa ukilaumiwa kila mwaka ulitoa jibu lisilo na ubishi. Katika kura USC ilikuwa ya kwanza na Texas ya pili tangu kabla ya msimu kuanza hadi mwisho. Kila moja ilikuwa imeshinda mechi 12 bila kupoteza.

USC ilikuja ikiwa na ushindi wa mechi 34 mfululizo. Kocha wake, Pete Carroll, alikuwa akitafuta jambo ambalo hakuna timu iliyowahi kulifikia: kumaliza ya kwanza katika kura ya shirika la habari la Associated Press kwa miaka mitatu mfululizo. Kwotabeki wake, Matt Leinart, alikuwa ametwaa tuzo ya Heisman ya 2004, ile anayopewa mchezaji bora wa vyuo vyote. Mkimbiaji wake, Reggie Bush, aliitwaa ya 2005, wiki chache tu kabla ya fainali. Wa pili katika kura hiyo alikuwa Vince Young. Texas ya kocha Mack Brown nayo ilikuwa na ushindi wa mechi 19 mfululizo, na ilikuwa imeshaujua uwanja: Januari 1, 2005 ilishinda hapa hapa dhidi ya Michigan, 38–37, kwa shuti la sekunde ya mwisho. Jijini Los Angeles, ambako USC ina makao yake umbali wa kilomita ishirini hivi kutoka bondeni, mazungumzo ya wiki ile yalikuwa kuhusu mahali pa timu hiyo katika historia. Texas ilitajwa kama mpinzani mzuri.

Njia za kuingilia Rose Bowl ni mahandaki mafupi ya zege yanayopenya chini ya majukwaa. Ndani yake hewa hupoa, sauti hujirudia, na mwanga wa upande wa pili huonekana kama mlango mdogo mweupe. Anayetoka huko hajikuti juu wala chini. Hutokea katikati ya jukwaa, nusu ya viti vikiwa juu ya kichwa chake na nusu vikishuka hadi kwenye nyasi, na milima ya San Gabriel imejaa upeo wa kaskazini. Mechi ile ilianza baada ya saa kumi na moja jioni, jua la Januari likiwa limezama nyuma ya kingo za korongo. Watu 93,986 walikuwa wamekaa: nyekundu na dhahabu ya USC upande mmoja, rangi ya chungwa iliyoungua ya Texas upande mwingine. Watazamaji wa runinga walizidi milioni 35. Mtangazaji alikuwa Keith Jackson, sauti ya Jumamosi za futiboli ya vyuo kwa miongo kadhaa, na hiyo ikawa mechi yake ya mwisho kuitangaza.

Kipindi cha kwanza kilionyesha mapema kwamba kipaji hakingetosha peke yake. Texas ilipoteza mpira uliopigwa mbali kwa mguu na USC, na mkimbiaji mzito LenDale White akafunga bao la kwanza, 7–0. Kisha USC ikafika yadi ya 17 ya Texas, ikabakiwa na jaribio la nne na yadi moja tu ya kusogea. Ingeweza kupiga shuti la pointi 3. Carroll akaamua kuitafuta yadi hiyo. Leinart akajaribu kujipenyeza katikati na akazuiwa. Wakati ule, mechi ikiwa changa, lilionekana tukio dogo. Muda mfupi baadaye Bush alidaka mpira, akakimbia kwa uzuri mkubwa, na alipoona anakaribia kukamatwa akamtupia mwenzake aliyekuwa akikimbia pembeni yake. Mwenzake hakutarajia. Mpira ukaanguka, na Huff wa Texas akaulalia. Hapo USC ilipoteza pointi ambazo karibu zilikuwa mfukoni.

Texas ilizinduka. Ilipata shuti la pointi 3, kisha bao lililozua mjadala: Vince Young alikuwa akianguka alipomrushia mwenzake Selvin Young, na picha za marudio zilionyesha goti lake limeshagusa ardhi kabla mpira haujamtoka. Waamuzi waliacha mchezo uendelee na marudio hayakutumika kukagua. Shuti la nyongeza likakosa, Texas ikaongoza 9–7. Bao la Ramonce Taylor likafuata, na hadi mapumziko ilikuwa 16–10. Mashabiki wa USC wana haki ya kulikumbuka goti lile. Lakini timu iliyoachia mpira ndani ya eneo la wapinzani, ikakosa yadi moja kwenye jaribio la nne, na kunyang'anywa pasi iliyorushwa eneo la kufungia, yote ndani ya kipindi kimoja, haiwezi kuuweka mzigo wote kwa mwamuzi.

Kipindi cha pili ndicho kilichoijengea mechi jina. USC ilirudi ikicheza mchezo wake uliokamilika. Iliposhika mpira ilifunga, na ikafanya hivyo mara nne mfululizo: White mara mbili, kisha Bush aliyekimbia yadi 26 na kujirusha hewani kuingia eneo la kufungia, kisha Dwayne Jarrett aliyepokea pasi ya Leinart. Texas ilijibu kwa Young, karibu peke yake. Uongozi ulihama kutoka mkono huu kwenda mwingine, 17–16, 23–17, 24–23, hadi Jarrett alipofunga na ubao ukasoma USC 38, Texas 26. Zilibaki dakika 6 na sekunde 42. Timu iliyoshinda mechi 34 mfululizo ilikuwa mbele kwa pointi 12, na hakukuwa na dalili kwamba ingezuilika.

Young alihitaji dakika mbili na nusu tu. Alirusha pasi fupi, moja baada ya nyingine, kisha akakimbia mwenyewe yadi 17 na kufunga: 38–33, zikibaki dakika 4 na sekunde 3. Namna yake ya kukimbia haikufanana na ya mtu mwenye haraka. Hatua zake zilikuwa ndefu mno kiasi kwamba mabeki waliomkadiria vizuri walijikuta wamechelewa kwa nusu mita, wakigusa jezi bila kushika mtu.

Sasa USC ilihitaji kuumaliza muda tu. Ilisogea hadi yadi ya 45 ya Texas, na hapo ikakwama: jaribio la nne, yadi 2 za kusogea, dakika 2 na sekunde kidogo zikiwa zimebaki. Msafiri anayesimama ukingoni mwa uwanja leo, akitazama mahali mpira ulipowekwa, huona jinsi kipimo hicho kilivyo kidogo. Yadi mbili ni sentimita 183, sawa na mtu mrefu aliyelala. Carroll angeweza kuupiga mpira mbali na kumlazimisha Young aanzie nyuma. Aliamua kuzitafuta zile yadi. Mpira ukapewa White, aliyekuwa amekimbia yadi zaidi ya 120 na kufunga mara tatu usiku ule. Bush, mwenye Heisman, alikuwa nje ya uwanja akitazama. Texas iliwasogeza watu wake mbele, ukuta ukagongana na ukuta, Huff akawa miongoni mwa waliomfikia White mapema, na mkimbiaji akaanguka pungufu kwa takribani yadi moja.

Uamuzi huo umelaumiwa kwa miaka yote iliyofuata, na lawama iliyomwangukia Carroll imezidi kipimo. Kuupiga mpira kungempeleka Young nyuma kwa yadi thelathini hivi, naye alikuwa amekwisha kuonyesha kwamba umbali haumtishi. Dakika mbili zilimtosha popote alipoanzia. Yadi mbili zingeumaliza mchezo. White hakuwa amezuiwa katika hali kama ile kipindi chote cha pili. Kumweka Bush nje kunaweza kuhojiwa, kwa kuwa kuwepo kwake tu kungewafanya mabeki wawili wasite. Hata hivyo jambo la kweli zaidi ni kwamba walinzi wa Texas, waliofungwa mara nne mfululizo na kuchoka, walisimama imara kwa shambulizi moja walilopaswa kusimama. Sifa hiyo ni yao, na ndiyo sababu jina la Huff liko kwenye shaba pembeni ya jina la Young.

Texas ilianza na yadi 56 mbele yake. Haikuwa njia laini. Ilifika jaribio la tatu na yadi 12 za kusogea, Young akarusha pasi fupi kwa Quan Cosby iliyozaa yadi 7 tu, ambazo zisingetosha; lakini beki wa USC alimshika Cosby kwenye wavu wa kofia, kosa linalogharimu yadi 15. Texas ikapata majaribio mapya. Pasi mbili kwa Brian Carter zikaifikisha karibu na eneo la kufungia. Kisha ikakwama tena, na ikawa zamu yake kukabili jaribio la nne: yadi 5 za kusogea, yadi 8 kufika mwisho, sekunde 26 zikibaki. Young alirudi nyuma, akawatazama wapokeaji wake upande wa kushoto na katikati, akawaona wamefungwa wote. Upande wa kulia mbele yake ukawa wazi. Akakimbia hadi pembeni ya uwanja na kuingia kwenye pembe ya eneo la kufungia bila kuguswa. Saa ilisoma sekunde 19. Kwenye shambulizi la pointi 2 akakimbia tena na kuvuka: 41–38. USC ilipata nafasi ya mwisho, ikavuka katikati ya uwanja, na pasi ya Leinart ikampita Jarrett juu ya kichwa muda ukiisha.

Takwimu zinaeleza sehemu ya yaliyotokea. Young alikamilisha pasi 30 kati ya 40 kwa yadi 267, na akakimbia yadi 200 akifunga mabao matatu kwa miguu yake. Leinart alirusha yadi 365. USC ilikusanya yadi nyingi kidogo kuliko Texas kwa jumla. Ilifunga kwanza, ikaongoza muda mrefu wa robo ya mwisho, na ikashindwa kwa sababu mara mbili, mwanzoni na mwishoni, ilihitaji yadi moja au mbili kwenye jaribio la nne na haikuzipata. Texas ilihitaji tano, ikachukua nane.

Jijini Austin, mnara wa Chuo Kikuu cha Texas huwashwa taa za rangi ya chungwa timu inaposhinda, na kwa ubingwa madirisha yake hupangwa yaonyeshe namba 1. Ulikuwa ubingwa wa kwanza wa Texas kwa miaka 35. Katika uchaguzi wa ligi ya kulipwa wa Aprili 2006, Bush alichukuliwa wa pili na New Orleans, Young wa tatu na Tennessee, Leinart wa kumi na Arizona. Hakuna kati yao aliyefikia huko kimo alichokuwa nacho usiku ule wa Pasadena. Young alianza vizuri, akachaguliwa mchezaji bora chipukizi wa ushambuliaji wa mwaka 2006, kisha majeraha na kutoelewana vikamwondoa mapema. Carroll ndiye aliyerudi kileleni: alitwaa Super Bowl, fainali ya ligi ya kulipwa, na Seattle Februari 2014. Mwaka uliofuata, akiwa yadi moja kutoka kwenye ubingwa wa pili, aliamuru pasi badala ya kumpa mpira mkimbiaji wake mzito Marshawn Lynch, pasi ikanaswa, na lawama ikawa kinyume cha ile ya 2006.

Kwa upande wa USC kuna sura nyingine. Uchunguzi wa chama cha michezo ya vyuo ulihitimisha mwaka 2010 kwamba Bush na familia yake walipokea fedha na manufaa kinyume cha kanuni zilizowakataza wanafunzi kulipwa. Chuo kilifungiwa mechi za mwisho wa msimu kwa miaka miwili, na ushindi wake wa 2005 ukafutwa kwenye kumbukumbu. Bush akairudisha Heisman. Kanuni hizo hazipo tena kama zilivyokuwa. Tangu 2021 wanafunzi wanaruhusiwa kuuza majina na sura zao kwa matangazo, na kuanzia 2025 vyuo vyenyewe vinaweza kuwalipa. Aprili 2024 Bush alirudishiwa tuzo yake. Kumhukumu kijana wa miaka ishirini kwa kupokea sehemu ndogo ya mapato yaliyotokana na miguu yake mwenyewe, mbele ya umati uliolipa viingilio na runinga iliyolipa mamilioni, lilikuwa jambo zito tangu siku ile. Kurudishiwa tuzo kulikuwa haki iliyochelewa.

Mfumo wa kompyuta na kura ulistaafishwa baada ya msimu wa 2013, na fainali yake ya mwisho ikachezwa hapa hapa Rose Bowl, Florida State ikiishinda Auburn 34–31. Baadaye mchujo wa timu nne ulianzishwa, na kuanzia msimu wa 2024 timu 12. Rose Bowl sasa hupangiwa robo fainali au nusu fainali, na haitoi bingwa peke yake kama Januari 2006. Kwa wageni, uwanja hufunguliwa kwa ziara za kuongozwa katika siku maalumu. Ziara hupita kwenye chumba cha kubadilishia nguo cha mwaka 1922, kilichohifadhiwa na makabati yake, kisha kwenye handaki ambalo wachezaji hutokea, na kuishia ukingoni mwa nyasi, mahali ambapo mistari ya yadi huonekana wazi inapokuwa imepakwa rangi kwa ajili ya mechi.